Cherry Kearton, Mwindaji wa Picha

Upande wa kaskazini wa Uingereza, katika jimbo la Yorkshire, liko bonde liitwalo Swaledale. Ni nchi ya vilima, upepo na baridi. Mtu wa Ileje akiamkia huko angeuona ukungu uliolala mabondeni akadhani yuko kwao. Lakini jua likipanda angetafuta migomba na kahawa asione, aone majani tu, na kuta fupi za mawe zigawanyazo malisho, na kondoo wengi kuliko watu. Katika kijiji kidogo cha bonde hilo, jina lake Thwaite, alizaliwa Cherry Kearton siku ya 8 Julai 1871. Baba yake alikuwa mkulima na mfuga kondoo. Watoto wa nyumba ile walisoma katika shule ya Muker, kijiji cha jirani, na baada ya masomo walikwenda mlimani, ambako walijifunza mambo ambayo mwalimu hakuyaandika ubaoni.

Kaka yake Richard alimzidi umri kwa miaka tisa. Huyu Richard aliumia nyonga utotoni alipokuwa akitafuta viota vya ndege, akawa mwenye kuchechemea siku zote za maisha yake. Lakini hakuacha kuwapenda ndege. Alijua milio yao, akaweza kuiigiza kwa kinywa chake hata ndege wenyewe wakadanganyika. Basi mwaka 1882 walikuja waungwana kutoka London kuwinda ndege wa mlimani wafananao na kwale. Richard akawaita ndege wale, nao wakaitika. Mmoja wa wageni alikuwa mtu wa Cassell, kampuni kubwa ya kupiga chapa vitabu. Akastaajabia ustadi wa kijana yule, akampa kazi mjini London. Miaka michache baadaye Cherry naye akamfuata kaka yake, akaandikwa kazi katika nyumba ile ile ya vitabu. Hivyo watoto wawili wa mfuga kondoo wakawa makarani wa mjini, na yote kwa sababu ya mlio wa ndege.

Siku za mapumziko walitoka mjini wakaenda mashambani. Cherry alikuwa na kamera. Mwaka 1892, mahali pasipo mbali na London, alipiga picha ya kiota cha ndege chenye mayai ndani yake, na picha ile huhesabiwa kuwa ya kwanza ya namna yake. Leo mtoto yeyote mwenye kushika simu ya mzazi wake aweza kuipiga picha kama ile kwa nukta moja. Wakati ule kamera ilikuwa sanduku la mbao lenye kukaa juu ya miguu mitatu, na ndani yake hukutiwa filamu bali bamba la kioo. Kila picha moja ilihitaji bamba lake. Mpiga picha aliyetaka picha kumi alibeba vioo kumi mgongoni, akapanda navyo mtini au akashuka navyo genge kwa kamba, akijua kwamba akijikwaa kazi yote imepotea. Mwaka 1895 ndugu hawa walitoa kitabu juu ya viota vya ndege wa Uingereza. Kabla ya hapo vitabu vya ndege vilikuwa na picha za kuchorwa kwa mkono. Hiki kilijaa picha zilizopigwa kwa kamera mahali ndege wenyewe walipokaa.

Tatizo lao kubwa lilikuwa kwamba ndege humwogopa mtu. Wakatafuta hila za kujificha. Walitengeneza shina la mti lenye uwazi ndani, wakatengeneza kondoo wa bandia, na hatimaye wakatengeneza ng'ombe. Walichukua ngozi ya ng'ombe, wakaitandika juu ya kiunzi cha mbao, wakaacha tundu la kioo cha kamera. Mpiga picha akaingia tumboni na kungoja humo kwa muda mrefu, ameinama katika joto, hata ndege wamzoee ng'ombe yule asiyekula wala kutembea. Siku moja ng'ombe huyo alipinduka Richard akiwa ndani, miguu yote minne ikaelekea mbinguni, naye hakuweza kutoka. Watu walicheka sana kwa habari ile. Lakini picha walizozipata ndani ya tumbo lile hazikuwahi kuonekana popote duniani. Tena mwaka 1900 Cherry alikwenda na mashine ya kunasa sauti akanasa nyimbo za ndege wakiwa porini, si katika tundu la kufugia, jambo lililokuwa geni kabisa.

Sasa yatupasa tuache habari za ndege kidogo, tueleze habari za picha ziendazo, maana ndizo zilizomleta Cherry Afrika.

Kila mtoto amepata kuchukua kijinga cha moto usiku na kukizungusha mbele ya wenzake. Kijinga ni kimoja, nacho kiko mahali pamoja tu kwa wakati mmoja, lakini wenzake huona duara zima la moto. Jicho hulishika lile lililoliona kwa kitambo kidogo hata baada ya kitu chenyewe kuondoka. Sinema imejengwa juu ya tabia hii ya macho. Kamera ya sinema ya siku zile ilikuwa na mkono wa kuzungusha ubavuni. Mpiga picha alipouzungusha mara moja, mkanda wa filamu ulisogea ndani, ukasimama, ukasogea, ukasimama, na kila uliposimama picha moja ilipigwa. Mzunguko mmoja ulileta picha 8. Alizungusha mara mbili kila sekunde, basi zikawa picha 16. Wengine walihesabu moyoni au waliimba wimbo polepole ili mkono usiharakishe wala kuchelewa. Mkanda wa mita 300 ulikwisha kuonyeshwa kwa muda wa kama dakika 16. Sauti haikuwamo. Maelezo yaliandikwa kwa herufi kubwa yakaonyeshwa kati ya picha na picha, na mtu mmoja akapiga piano chini ya kitambaa cheupe, kwa furaha au kwa huzuni kama mambo yenyewe yalivyokwenda.

Waliotangulia kuwaonyesha watu picha za namna hii kwa kulipa kiingilio mjini Paris ni ndugu wawili Wafaransa, Auguste na Louis Lumière, siku ya 28 Desemba 1895. Nao walionyesha nini? Hawakuonyesha wafalme wala vita. Walionyesha wafanyakazi wakitoka katika kiwanda chao huko Lyon, wanawake kwa wanaume, na mbwa mmoja, na mtu juu ya baiskeli. Watu wakatazama mambo ambayo huyaona kila siku mlangoni, wakastaajabu kama walioyaona kwa mara ya kwanza. Huko Uingereza wako wenye sinema waliosimama mlangoni mwa viwanda wakati wa kutoka, wakawapiga picha wafanyakazi mamia kwa mamia, kisha jioni wakawaita waje na senti zao kujitazama wenyewe. Mwaka 1994, katika mji wa Blackburn, mafundi waliokuwa wakibomoa duka la zamani walikuta chini yake mapipa ya chuma yaliyojaa mikanda ya namna hiyo, zaidi ya 800, iliyofanywa na mabwana wawili, Mitchell na Kenyon. Wasichana wa viwanda wenye shali kichwani, watoto pekupeku wakirukaruka mbele ya kamera, magari ya farasi, mchezo wa mpira katika matope, yote yalikuwamo. Mambo hayo hayakuandikwa katika vitabu vya historia, maana hakuna aliyeyaona kuwa historia.

Baadaye likaja gazeti la picha. Charles Pathé wa Ufaransa alilianza karibu na mwaka 1908, na mwaka 1910 likaanza Uingereza pia. Mara mbili kila juma mkanda mpya ulipelekwa katika majumba ya sinema, wenye habari fupi fupi: mfalme anafungua daraja, meli mpya inashushwa majini, mafuriko yameharibu mji, askari wanapita, farasi wanashindana. Siku ya 4 Juni 1913, katika mashindano ya farasi ya Derby, mwanamke aitwaye Emily Davison, mmoja wa wale waliodai wanawake wapewe haki ya kupiga kura, alitoka kati ya watu akaingia njiani, akaangushwa na farasi wa Mfalme. Siku nne baadaye akafa. Kamera za gazeti la picha zilikuwapo, zikayanasa yote. Watu walioketi mbali na uwanja ule waliona kwa macho yao jambo lililotendeka juma lile lile. Kabla ya hapo jambo kama hilo halikuwezekana.

Cherry Kearton aliingia katika kazi hii kwa moyo wote. Mwaka 1908 alipanda merikebu ya hewani, ile ibebwayo na puto refu, akaipiga London picha za sinema kutoka juu. Tena akaona kwamba mnyama aendaye ni bora kuliko mnyama aliyesimama katika picha. Akatamani Afrika.

Mwaka 1909 Theodore Roosevelt, aliyekuwa amemaliza tu kazi ya urais wa Marekani, alikuja Afrika Mashariki kuwinda na kukusanya wanyama kwa ajili ya nyumba ya makumbusho ya Washington. Alishuka Mombasa mwezi wa Aprili. Safari yake ilikuwa kubwa mno: wapagazi zaidi ya 200 walibeba mahema, chumvi ya kuhifadhi ngozi, vitabu vya kusoma, na sanduku juu ya sanduku. Yeye na mwanawe Kermit waliua wanyama 512 kwa bunduki zao. Kearton naye alikuwa Kenya mwaka ule na kamera yake, akakutana na Roosevelt, akapata ruhusa kumpiga picha.

Hapa ndipo palipotokea jambo ambalo wasomaji yafaa walifikiri sana. Katika mji wa Chicago alikuwako mwenye sinema aitwaye William Selig. Huyu naye alitaka picha za Roosevelt, lakini hakupata nafasi ya kumpeleka mtu wake safarini. Basi akafanya hivi. Alinunua simba mzee. Akajenga pori la bandia katika nyumba yake ya kupigia picha. Akamvika mwigizaji nguo na miwani kama za Roosevelt, akawaajiri watu weusi wa mji ule wajifanye wapagazi. Kisha akamtoa simba, akapigwa risasi, akafa kweli kweli mbele ya kamera. Zilipofika habari kwamba Roosevelt ameua simba, Selig alikuwa tayari. Akaitoa filamu yake mwaka ule ule 1909, wakati Roosevelt mwenyewe bado yuko porini. Jina la Roosevelt hakuliandika mahali popote, asije akashitakiwa. Aliwaachia watazamaji wadhani wenyewe. Nao wakadhani. Makundi kwa makundi waliingia kuitazama, naye akapata faida kubwa.

Mwaka wa pili, 1910, ikatoka filamu ya Kearton. Hii ilikuwa ya kweli. Ndani yake Roosevelt anaonekana akienda kwa miguu yake katika nchi ya Afrika hasa. Wapagazi wanapita na mizigo. Wakikuyu wanacheza ngoma. Wanyama wanaonekana mbali, kama wanavyoonekana kwa mtu yeyote apitaye nyikani. Lakini hakuna simba anayeanguka kwa risasi. Watu waliokwisha kumwona simba wa Chicago waliona hii imepooza, wakanung'unika. Mtu aliyesafiri bahari mbili, akabeba sanduku lake zito juani ili alete kweli, alishindwa na mtu asiyetoka mjini kwake. Nasi tusiwacheke watazamaji wale. Hawakuwa wajinga kuliko sisi. Uongo ulikuwa umewekwa karibu na macho yao, na kweli ilikuwa mbali, katika vumbi.

Kearton hakuacha. Mwaka ule ule 1910 alishika safari nyingine Kenya, ya ajabu kuliko ya kwanza. Alikuja mzee wa Marekani, Charles Jones, aliyekuwa na miaka kama 66, aliyejulikana kwa jina la Buffalo Jones. Pamoja naye walikuja wachunga ng'ombe wawili, Loveless na Means, na farasi wao, nao walisema kwamba watawakamata wanyama wa Afrika kwa kamba yenye kitanzi, bila kuwaua. Wakafanya hivyo. Walimkamata twiga, wakamkamata ngiri na pofu. Kifaru aliwapa kazi ya saa nyingi. Alikata kamba, akaburuta magogo, akawakimbiza farasi hata wakachoka, na Kearton akizungusha mkono wa kamera muda wote. Mwisho walimkamata simba jike akiwa hai, naye akapelekwa New York akatiwa katika bustani ya wanyama. Filamu hii iliwapendeza watu sana. Mimi nakiri ushujaa wa wazee wale, lakini siwezi kuusifu mchezo wenyewe, maana mnyama aliyefungwa kamba miguuni na shingoni hakufundisha lolote juu ya maisha yake. Kearton mwenyewe baadaye alishikilia kwamba mnyama apigwe picha akiwa huru, akafanya kazi kubwa kuwageuza watu waache bunduki. Roosevelt, pamoja na wanyama wake 512, alimwandikia dibaji katika kitabu chake, naye akamsifu kwa kazi ya kamera.

Mwaka 1913 Kearton alivuka Afrika pamoja na Mmarekani aitwaye James Barnes, kutoka Mombasa pwani ya mashariki hata mdomo wa mto Kongo pwani ya magharibi. Kazi ya filamu katika nchi za joto ilikuwa na taabu zake. Mkanda wa siku zile ulifanywa kwa pamba iliyotiwa tindikali kali, nao ni ndugu wa baruti. Cheche moja yatosha kuuwasha, na ukiisha kuwaka maji hayauzimi. Joto huuharibu, unyevu huuharibu, na wadudu huyala yale makaratasi ya kufungia. Mpiga picha hakuweza kujua kama picha zake ni njema mpaka zisafishwe. Mara nyingi alimaliza safari ya miezi na miezi, akarudi kwao, ndipo alipoambiwa kwamba mkanda fulani ulikuwa umeingiwa na mwanga na hauna kitu.

Mwaka huo huo alinunua kampuni ya sinema ya Warwick mjini London, iliyokuwa na gazeti lake la picha. Akawa sasa bwana wa habari, si wa wanyama tu. Vita ikatokea Agosti 1914. Serikali ya Uingereza ilikataza wapiga picha wa sinema wasifike mahali pa vita. Lakini Kearton alikwenda Ubelgiji, nchi iliyoingiwa na majeshi ya Ujerumani, na kampuni yake ikatoa mfululizo wa picha za vita kila juma. Katika picha za namna hiyo mizinga haionekani sana. Huonekana barabara zilizojaa watu wanaokimbia, bibi kizee juu ya mkokoteni, godoro, kuku katika kapu, mtoto ameshika sufuria. Mtu aliyepata kukimbia nyumba yake huzielewa picha hizo bila maandishi.

Mwaka 1915 Kearton mwenyewe akawa askari. Aliingia kikosi cha 25 cha Royal Fusiliers, kikosi cha watu wa namna zote: wawindaji, mabaharia, wachunga ng'ombe, na wataalamu wa ndege na wadudu. Mkubwa wao alikuwa Kanali Driscoll. Frederick Selous, mwindaji mashuhuri wa Afrika ya Kusini, alikuwamo pia, naye alikwisha kupita miaka 60. Walifika Mombasa mwezi wa Mei 1915, na mwezi wa Juni kikosi hicho kilikuwa katika majeshi yaliyovuka ziwa Viktoria kuushambulia mji wa Bukoba. Selous hakuuona mwisho wa vita. Alipigwa risasi akafa Behobeho, katika nchi ya Rufiji, siku ya 4 Januari 1917.

Vita hiyo ilifika hapa petu pia. Mto Songwe ulikuwa mpaka kati ya nchi ya Wadachi na Nyasaland ya Waingereza, ambayo leo ni Malawi. Upande wa Tunduma, ng'ambo ya mpaka, palikuwa na ngome ya Waingereza iliyoitwa Fife, katika nchi iliyokuwa Rhodesia ya Kaskazini, ambayo leo ni Zambia. Wanyamwanga walikaa pande zote mbili, kama wakaavyo hata leo. Mpaka uliwekwa na wageni katikati ya nyumba zao, na vita ikaja kwa njia ya mpaka huo. Mwaka 1916 majeshi ya Jenerali Northey yalivuka kutoka kusini. Na mwanzo wa Novemba 1918 Jenerali Lettow-Vorbeck, baada ya kuzunguka hata Msumbiji na kurudi, aliishambulia Fife, asiichukue, akapita kwenda zake. Tarehe 25 mwezi huo aliweka silaha chini huko Abercorn, mji ambao sasa huitwa Mbala. Pamoja na kila jeshi walikwenda wapagazi, watu waliotolewa mashambani, wenye kubeba risasi na unga wa wenzao. Walikufa makumi ya maelfu, wengi wao si kwa risasi bali kwa njaa, kuhara na homa ya mapafu. Nao ndio wale wale unaowaona katika picha za safari za amani, wakipita mmoja nyuma ya mwenzake, mzigo kichwani. Ila wakati wa vita mzigo ulikuwa mwingine.

Baada ya vita Kearton alirudia wanyama. Mwaka 1922 alimwoa Ada Forrest, mwanamke wa Afrika ya Kusini aliyejulikana kwa uimbaji, naye akawa mwenzake wa safari. Alikuwa na sokwe aitwaye Toto, aliyemleta kutoka Kongo mpaka London, akaandika kitabu juu yake mwaka 1925. Walikaa pamoja katika kisiwa cha Dassen, karibu na Cape Town, kisiwa kisicho na miti, chenye pengwini wasiohesabika. Ndege hao hawawezi kuruka. Hutembea wima kama wazee waendao barazani, na hulala katika mashimo. Kearton aliwapiga picha kwa miezi, akiwangoja kama alivyowangoja ndege wa Yorkshire katika tumbo la ng'ombe, na mwaka 1930 akatoa kitabu na filamu juu yao. Siku hizo sinema ilikwisha kuanza kusema, na zile picha za kimya zikaanza kudharauliwa. Majumba mengi yalizitupa. Nyingine ziliyeyushwa ili fedha iliyomo katika rangi yake ipatikane, nyingine ziliwaka zenyewe katika maghala. Nyingi katika filamu za siku zile hazipo tena.

Watoto wa Uingereza walimjua kwa sauti pia, maana aliwasimulia habari za wanyama katika redio. Mwaka 1940, wakati ndege za Ujerumani zilipokuwa zikiangusha mabomu juu ya London kila usiku, yeye aliendelea kwenda kusema na watoto. Siku ya 27 Septemba alimaliza mazungumzo yake katika nyumba ya redio ya BBC, akatoka, na baada ya kitambo kidogo akafa. Alikuwa na miaka 69. Kaka yake Richard alikuwa amemtangulia mwaka 1928. Royal Geographical Society, chama cha wachunguzi wa nchi mjini London, kina nishani yenye jina la Cherry Kearton.

Vipande vya picha za safari ya Roosevelt vilipona. Vimewekwa katika Maktaba ya Bunge la Marekani, mjini Washington, pamoja na picha nyingine nyingi za maisha yake. Picha zenyewe zimechakaa na kuingia mikwaruzo, kama mvua inayonyesha juu ya jua kali. Ukizitazama unamwona mtu mnene mwenye miwani na kofia, na jina lake limeandikwa. Unawaona na wachezaji wa ngoma, wakitua mguu kwa pamoja hata vumbi linapanda, na sauti haisikiki. Majina ya hao hayakuandikwa.